Mahame ya Wharram Percy: kijiji kilichonusurika na tauni kikaondolewa na kondoo

Mheshimiwa Mwenyekiti, walimu wenzangu, wanafunzi wa historia, mabibi na mabwana,

Nimeombwa nizungumze juu ya mahame. Waliolelewa pwani hawahitaji kufafanuliwa neno hilo: mahame ni mahali palipokaliwa na watu, watu wakahama, pakabaki alama zao na jina lao. Tuna na neno ganjo, la ukoo huohuo. Waingereza, ambao nchi yao imejaa mahame, wamelazimika kuunganisha maneno matatu, deserted medieval village, ili waseme jambo hilo kwa vijiji vyao vya zama za kati, na wataalamu wao wakayachoka maneno hayo matatu wakaanza kutumia herufi tatu tu, DMV. Ninasema nchi yao imejaa mahame kwa sababu hesabu inayokubalika leo ni ya vijiji karibu 3,000 vya zama za kati vilivyoachwa katika England peke yake. Mimi nitazungumza juu ya kimoja tu, kinachoitwa Wharram Percy, katika jimbo la Yorkshire, kwenye vilima vya chokaa vinavyoitwa Wolds, kusini-mashariki mwa mji mdogo wa Malton.

Mgeni huliacha gari lake juu ya kilima akashuka kwa miguu kwa muda wa robo saa hivi, kwa njia ambayo mvua ikinyesha huwa ni utelezi mtupu. Chini bondeni anavuka kijito, anavuka na tuta la reli ya zamani iliyojengwa katika karne ya 19 na kufungwa katika karne ya 20, kisha anaiona nyumba moja ya mawe, kanisa lisilo na paa, na bwawa dogo la maji. Nilipofika mara ya kwanza niliyatazama hayo matatu, nikapanda mteremko wa upande wa magharibi, nikasimama juu ya uwanda wenye nyasi fupi, nikaanza kuuliza kijiji chenyewe kiko wapi. Nilikuwa nimesimama katikati yake. Ilinibidi kungoja hadi jua lilipoanza kuinama, kivuli kikaingia kwenye mabonde madogo, ndipo nikaona kwamba yale niliyodhani ni mawimbi ya ardhi yalikuwa na pembe. Palikuwa na misingi ya nyumba, mipaka ya viwanja vilivyopangwa kwa safu, na barabara iliyozama chini ya uso wa ardhi kwa kukanyagwa na kwato na magurudumu kwa mamia ya miaka.

Watu wengi wanaoshuka njia ile wanakuja na jibu tayari mfukoni. Ukiwauliza kijiji hiki kilikufa kwa nini, watakwambia tauni. Ni jibu linaloridhisha, kwa kuwa tauni iliyoingia Uingereza mwaka 1348 na kufika Yorkshire mwaka 1349 iliua watu kwa kiasi ambacho akili inashindwa kukipima, na kijiji kilichoachwa chenye kanisa bovu kinafanana kabisa na hadithi hiyo. Hata hivyo jibu hilo si sahihi, na sehemu kubwa ya mazungumzo yangu ya leo ni kueleza lilivyoshindwa kusimama mbele ya ushahidi.

Mambo ya kijiji hiki yalianza kuharibika kabla ya tauni. Mwaka 1323 ulifanyika uchunguzi rasmi wa mali ya mwenye ardhi, kama ilivyokuwa kawaida kila anapofariki bwana wa namna hiyo, na waliohojiwa walieleza kwamba mashamba mengi yalikuwa hayalimwi na kwamba vinu vya maji vya kusagia nafaka vilikuwa vibovu. Miaka michache nyuma kulikuwa na mvua zisizokoma na njaa kubwa iliyoikumba Ulaya ya kaskazini, na mwaka 1322 majeshi ya Waskoti yaliingia Yorkshire yakachoma na kupora. Kisha tauni ikapita. Iliua watu Wharram Percy kama ilivyoua kwingine, lakini katika nusu ya pili ya karne ya 14, baada ya wimbi lake kubwa kwisha, nyumba zipatazo 30 zilikuwa bado zinakaliwa. Kijiji chenye nyumba 30 ni kijiji hai, chenye majirani wa kuazimana moto na wa kugombania mpaka wa shamba. Mwaka 1458 nyumba zilikuwa zimepungua hadi 16. Na mnamo mwaka 1500, yaani miaka 150 baada ya tauni kuu, zilikuwa zimebaki kaya nne tu, na hizo hazikufa kwa ugonjwa wowote: ziliondolewa na mwenye ardhi.

Ukoo wa Percy, ambao kijiji kimechukua jina lake, ulikuwa umeiachia ardhi hiyo familia ya Hilton mwanzoni mwa karne ya 15. Nisingependa mtu atoke humu akidhani kwamba kina Hilton walikuwa wakatili kuliko wenzao. Walifanya hesabu ambayo wenye ardhi wengi wa zama zao waliifanya. Tauni ilipopunguza watu, bei ya nafaka ilishuka kwa kuwa walaji wamepungua, na ujira wa vibarua ukapanda kwa kuwa mikono imepungua. Shamba la ngano au shayiri linataka mtu wa kulima, wa kupanda, wa kupalilia, wa kuvuna na wa kupura, na wote hao sasa walidai ujira ambao babu zao wasingethubutu kuutaja. Kondoo mia kadhaa wanahitaji mchungaji mmoja na mbwa wake. Sufu yao ilikuwa na soko la uhakika, ndani ya nchi kwa wafumaji na ng'ambo kwa wafanyabiashara wa vitambaa wa bara la Ulaya. Mtu anayeishi mbali, anayeijua Wharram Percy kwa daftari la mapato tu, angeona nini katika daftari hilo isipokuwa kwamba wapangaji wachache waliobaki walikuwa wanaziba nafasi ya malisho?

Serikali yenyewe iliona yaliyokuwa yakitendeka na ikaingiwa na wasiwasi, ingawa wasiwasi huo ulikuwa juu ya kodi na askari kuliko juu ya maskini. Mwaka 1489, chini ya Mfalme Henry VII, ilipitishwa sheria ya kuzuia ubomoaji wa nyumba za wakulima. Mwaka 1517 Kadinali Wolsey, waziri mkuu wa Mfalme Henry VIII, alituma tume mikoani kuchunguza ni nani aliyebomoa nyumba na kugeuza mashamba kuwa malisho. Habari za Wharram Percy zilifika mbele ya tume hiyo: plau nne zimewekwa chini, nyumba nne zimeanguka. Huo ndio mwisho wa kijiji katika maandishi, na ni mstari mfupi kama mtu anayeandika idadi ya mifuko ghalani. Sheria ilikuwa imefika baada ya watu kuondoka, na sheria haikuwarudisha.

Sasa, tumeyajuaje haya yote kwa undani? Hapa inabidi niwaeleze juu ya watu wawili. Wa kwanza ni Maurice Beresford, mwanahistoria wa uchumi aliyekuwa anafundisha Chuo Kikuu cha Leeds, ambaye alifika Wharram Percy mwaka 1948. Wakati huo walikuwapo wasomi wenye heshima zao waliosema kwamba habari za vijiji kufutwa na kondoo zilikuwa zimekuzwa mno na watu wa zamani, na kwamba vijiji vilivyopotea havikuwa vingi. Beresford alitaka kuwathibitishia kwamba vilikuwapo, na kwamba viliachwa wakati fulani unaoweza kutajwa. Mwaka 1950 alichukua sepetu na watu wachache akaanza kuchimba kutafuta kuta na vigae ambavyo vingempa tarehe. Hakuwa mwanaakiolojia, wala hakujifanya kuwa. Miaka miwili baadaye akaungana naye John Hurst, ambaye alikuwa mwanaakiolojia hasa, na tangu hapo kila mwaka majira ya kiangazi wakarudi palepale na kundi la wanafunzi na watu wa kujitolea, wakafanya hivyo hadi mwaka 1990. Miaka 40 katika kijiji kimoja! Taarifa za uchimbaji huo zimejaza vitabu 13, na cha mwisho kilitoka mwaka 2012.

Hurst alileta pia mbinu mpya. Waakiolojia wa Uingereza walikuwa wamezoea kuchimba mahandaki membamba, ambayo yanafaa ukiwa unatafuta ukuta mnene wa ngome, lakini ukiyapitisha katika nyumba ya mkulima hupati kitu isipokuwa kokoto. Kutoka kwa Wadenmaki alijifunza kufunua eneo zima kwa mara moja, tabaka kwa tabaka, kila jiwe likichorwa mahali pake kabla ya kuondolewa. Nyumba ya kwanza waliyoifunua hivyo iliwapa jambo wasilolitegemea: chini ya makazi ya wakulima palikuwa na chumba cha chini, chenye kuta za mawe ya chokaa, cha nyumba ya bwana wa kijiji ya karne ya 12. Mkulima alikuwa amejenga juu ya kifusi cha bwana wake.

Sasa naomba nikae kidogo kwenye nyumba hizi, maana ndizo zilizonifanya nikubali mwaliko huu. Wachimbaji walipozifunua waliona kuta dhaifu za mawe ya chokaa yasiyo na saruji, na waliona kwamba kuta hizo zilijengwa upya mara nyingi, moja juu ya nyingine, zikibadili mstari kidogo kila mara. Wakahitimisha kwamba wakulima wa zama za kati waliishi katika vibanda vibovu vilivyodumu umri wa mtu mmoja, kisha mtoto akavunja na kuanza upya. Hitimisho hilo lilifundishwa vyuoni kwa miaka mingi. Katika miaka ya 1980 mtaalamu mwingine, Stuart Wrathmell, akazipitia upya ramani zilezile akaona kwamba zilikuwa zimesomwa vibaya. Nyumba hizo hazikusimama juu ya kuta zake. Zilisimama juu ya jozi za miti mikubwa iliyopinda, iliyokutana juu kwenye kipaa na kubeba paa lote, na ukuta ulikuwa kizibo tu cha kuzuia upepo, kinachoweza kubomolewa na kujengwa tena bila nyumba kutikisika. Kiunzi kingeweza kudumu vizazi kadhaa huku ukuta ukibadilishwa kila ulipochakaa.

Niliposoma hayo nilicheka peke yangu, na natumaini mtanisamehe. Fundi yeyote wa nyumba ya udongo huku kwetu, anayejua tofauti ya nguzo na fito, anayejua kazi ya mtambaapanya na ya makombamoyo, angewaambia siku ya kwanza kwamba ukuta hukandikwa upya na nyumba ikabaki ileile. Hakuna anayeitazama nyumba iliyokandikwa mara kumi akasema zilikuwa nyumba kumi. Kilichowapoteza wataalamu wale nadhani ni kwamba walitarajia kuona ufukara, basi wakauona, ilhali katika vifusi hivyohivyo walikuwa wameokota kufuli na funguo. Mtu hafungi mlango kwa kufuli ikiwa ndani hana kitu.

Nyumba nyingi za namna hiyo zilikuwa ndefu na nyembamba, watu upande mmoja na ng'ombe upande wa pili chini ya paa moja, ili joto la mifugo lisipotee bure wakati wa baridi. Nyuma ya kila nyumba palikuwa na kiwanja, na nje ya viwanja ndipo mashamba ya wazi yalipoanza, kila mkulima akiwa na vipande vyake virefu vilivyotawanyika katikati ya vya wenzake.

Watu wenyewe wa kijiji tunawafahamu kwa mifupa yao. Kanisani na makaburini yalifukuliwa mabaki ya watu 687, na kwa wanasayansi wa mifupa mkusanyiko huo umekuwa hazina kubwa kuliko kuta zote. Umeonyesha kwamba mama waliwanyonyesha watoto wao kwa muda wa mwaka mmoja na nusu hadi miwili, na kwamba watoto walikua polepole, wakawa wafupi kwa mbali kuliko watoto wa Uingereza wa leo wa umri wao. Yupo mtu mmoja ambaye simsahau. Alikuwa mwanamume wa miaka kama 40, aliyeishi kati ya mwaka 960 na 1100, na mtu fulani alimpiga upande wa kushoto wa kichwa kwa kitu butu hadi fuvu likabonyea. Akatokea mtu mwingine, aliyepasua ngozi, akaikunja kando, akaukwangua mfupa hadi akatoboa na kuondoa vipande vilivyokuwa vinaukandamiza ubongo. Kingo za tundu lile zimepona, yaani mgonjwa aliishi muda mrefu baada ya upasuaji. Nani alikuwa na ujuzi huo katika kijiji cha wakulima, miaka elfu moja iliyopita, bila nusukaputi?

Kuna na mifupa mingine, ambayo habari zake zilitangazwa mwaka 2017 na zikasambaa magazetini upesi kuliko zote nilizotaja. Katika mashimo ndani ya kijiji, mbali na makaburi, yalipatikana mabaki 137 ya watu wasiopungua 10, wakubwa na watoto, wa kati ya karne ya 11 na ya 14. Yalikuwa na alama za kuchomwa moto na za kukatwa kwa visu baada ya kufa, hasa sehemu za kichwa na shingo. Wachunguzi walipima meno wakaona kwamba watu hao walikulia palepale. Hawakuwa wageni waliotendewa vibaya kwa ugeni wao. Waliwaza pia kama ni njaa iliyowafanya watu kula wenzao, lakini mahali alama zilipo hapalingani sana na mtu anayetafuta nyama. Maelezo waliyoyaona kuwa na uzito zaidi ni kwamba wanakijiji waliogopa maiti fulani zisiamke na kutembea usiku, wakazikata na kuzichoma ili zitulie. Hofu hiyo haikuwa ya kijiji kimoja, kwani mtawa William wa Newburgh, aliyeishi Yorkshire hiyohiyo katika karne ya 12, aliandika visa vya wafu wanaorudi kusumbua walio hai. Tungewaita mizuka. Magazeti yaliwaita majina ya kwenye sinema, jambo ambalo kwa maoni yangu liliwakosea heshima, maana kila mmoja wao alikuwa jirani wa mtu.

Mwenyekiti, nimeombwa na baadhi ya wanafunzi nigusie uhusiano wa mambo haya na kwetu, na nitalifanya hilo kwa ufupi nisiutoroke mjadala. Mwaka uleule wa 1948 ambao Beresford alifika Wharram Percy, Mwingereza mwingine, James Kirkman, alianza kazi Gede, karibu na Malindi, akachimba huko miaka 10. Gede ni mahame ya mji, wala si ya kijiji, na ina msikiti mkuu, jumba la kifalme na makaburi ya mawe. Jicho la wachimbaji lilikwenda kwenye mawe, na waliokaa katika nyumba za udongo wakachelewa sana kupewa nafasi katika hadithi ya mji. Huko Yorkshire hali ilikuwa kinyume, kwa sababu Beresford alikwenda kumtafuta mkulima tangu mwanzo. Naliacha hilo hapo.

Limebaki kanisa, na kanisa hilo, la Mtakatifu Martin, lina habari yake peke yake. Lilianza kama jengo dogo la mbao katika karne ya 10, likajengwa kwa mawe, likapanuliwa, likaongezwa ubavu wa kusini na baadaye wa kaskazini, kisha likaanza kupunguzwa. Leo ukisimama nje utaona kwenye kuta matao yaliyozibwa kwa mawe: ni milango ya mbavu zilizobomolewa watu walipopungua. Lakini halikufungwa kijiji kilipokwisha. Parokia ya Wharram Percy ilikuwa na vitongoji vingine, na vitongoji hivyo havikuwa na kanisa jingine. Basi wakazi wa Thixendale, kwa mfano, waliendelea kutembea kilometa kadhaa juu ya vilima kila Jumapili, na kubeba maiti zao njia ileile, hadi walipojengewa kanisa lao mwaka 1870. Kwa zaidi ya miaka 350 watu waliolewa, walibatizwa na walizikwa katikati ya kijiji kisichokuwapo. Mawe ya makaburi ya karne ya 18 na ya 19 yangali yamesimama pale. Ibada zilikoma mwaka 1949, mwaka mmoja baada ya Beresford kufika, na mwaka 1959 mnara ukapasuka kwa urefu, nusu ikaanguka na nusu ikabaki imesimama kama ilivyo hadi sasa.

Mashamba ya jirani, yenye mahame yake, yalirudi kulimwa kwa plau na baadaye kwa matrekta, na alama zake nyingi zikasawazishwa. Uwanda wa Wharram Percy ulibaki malisho. Nyasi ziliwekwa fupi, udongo haukugeuzwa, na ndiyo maana mipaka ya viwanja vya wale waliofukuzwa kwa ajili ya kondoo inaonekana bado. Jioni ile niliyowaambia, nilipopata kuutofautisha msingi wa nyumba moja, nilitafuta pengo la mlango nikaliona. Kondoo jike mmoja alikuwa amelala hapohapo kizingitini, akicheua, na hakuona sababu ya kunipisha.

Nawashukuru kwa kunisikiliza.